Chakula cha Waliochimba

Acha niseme, maana nikinyamaza nitapasuka. Masele ni kaka yangu, tumbo moja, lakini alichomfanyia wifi yangu Modesta kinanikaa rohoni mpaka leo.

Ilikuwa miaka ile ya soko huria, viwanda vya minofu ya sangara vinaota ziwani kama uyoga. Tajiri mmoja akadai kuwa marehemu baba alimuuzia kiwanja chetu cha Mkuyuni. Kesi ikaenda mahakamani, tukashindwa. Hakimu akaamuru tusijenge wala tusichimbe hata shimo pale. Kaka yetu mkubwa Luhende, mume wa Modesta, akakata rufaa. Kabla haijasikilizwa, akafariki.

Alikuwa ameomba azikwe kando ya mama, palepale kiwanjani. Modesta akasita. "Shemeji, na ile amri?"

"Amri gani?" Masele akamjibu mbele ya waombolezaji. "Tumekata rufaa. Amri imeshakufa hiyo."

Wanaume wote wakaafiki. Hakuna aliyemuuliza mtu wa sheria, ujuaji tu. Wakachimba, Masele akiwa wa kwanza kushika jembe. Modesta na machozi yake akawapikia ugali na nyama, maana kwetu mchimba kaburi haondoki na njaa.

Tajiri akafungua shauri kwamba tumedharau amri ya mahakama. Aliyeitwa ni Modesta, kwa kuwa ndiye aliyeishika kesi baada ya mumewe. Hakimu akaeleza taratibu kwamba rufaa peke yake haisimamishi amri. Ilibidi tuombe isimamishwe, tukubaliwe. Mpaka ifutwe, inatiiwa. Kisha akauliza, "Nani alichimba kaburi?"

Wanaume wa ukoo walikuwa wamejaa benchi zima. Masele alitazama viatu vyake. Nilimfinya, hakutikisika. Wale waliolamba vidole kwa mjane, siku hiyo wote walikuwa mabubu.

"Ni mimi," Modesta akasema.

Hakimu akashusha kalamu. Akampa njia: akubali mwili uhamishwe, asamehewe. La sivyo, kifungo.

"Mheshimiwa, nifunge," akasema. "Mimi nitarudi nyumbani. Mume wangu ameshafika."

Akapelekwa gereza la Butimba. Nililia njia nzima.

Akiwa ndani, rufaa ikasikilizwa, tukashinda. Kiwanja kikawa chetu. Nikakimbia kwa karani kuuliza wifi anatoka lini.

"Hilo ni jambo lingine, mama," akaniambia. "Aliivunja amri ikiwa bado hai. Atamaliza kifungo chake."

Basi akamaliza.

Siku aliyotoka, ukoo mzima ulikuwa kiwanjani. Masele alikuwa kavaa suti, kachinja kondoo, kaandaa na hotuba. Modesta aliwasalimia, akaenda kukaa kaburini peke yake. Aliporudi alijifunga kanga, akaingia jikoni, akasonga ugali mwenyewe. Nilitaka kumsaidia, akakataa.

Akawatengea wanaume, akachukua birika na beseni kuwanawisha. Alipofika kwa Masele akasimama, birika mkononi.

"Shemeji, hiki ni chakula cha waliochimba kaburi," akasema kwa upole. "Wewe ulichimba?"

Safari hii kaka yangu hakutazama viatu vyake.

"Nilichimba, shemeji."

Modesta akammiminia maji. "Basi kula."

Masele alinawa. Kula hakuweza.