Aliye Juu ya Wakurugenzi

Nyie mnaojua kutegua vitendawili, tegueni hiki: anawatazama wakurugenzi utosini, lakini hawamjui hata jina. Mama mmoja wa shamba alishindwa kukitegua mpaka alipofunga safari.

Mwanawe wa kwanza, waliyemwita Kifunguamimba, alizoea kumwambia kwenye simu, "Mama, siku hizi napanda tu. Wakurugenzi wenyewe wako chini yangu." Mama, mdomo wake hauna breki, akayafikisha kwa baba wa mchumba. Mzee yule hakumeza. "Nenda kaione hiyo ofisi kwanza, bibi. Ukirudi na habari ya macho, siyo ya masikio, tutapanga siku ya ndoa."

Ndiyo maana akajikuta mbele ya jengo la vioo vitupu, kavaa viatu vya sherehe vinavyombana. Mlango ukajifungua kabla hajamaliza kupiga hodi. Akausubiri useme karibu, haukusema. Adabu za mjini hizo.

Binti wa mapokezi akatafuta jina kwenye kompyuta. "Mwanao hayumo kwenye orodha ya wakubwa, mama."

"Angalia juu zaidi, mwanangu. Yeye yuko juu yao."

Binti alipochoka kubishana, akampandisha kwa lifti hadi ghorofa ya mwisho, kwa karani aliyekuwa akipaka kucha rangi kwa bidii yote ya kazi. Mama akakalishwa karibu na dirisha.

Hazikupita dakika kumi, nje ya dirisha zikashuka buti, ikafuata ndoo, halafu Kifunguamimba mzima mzima, amefungwa mikanda kama mzigo, anaosha kioo. Macho yakakutana. Sponji ikasimama.

"Unamfahamu huyo?" karani akauliza.

"Ndiye niliyemfuata. Kumbe hakunidanganya, yuko juu kweli. Ila kwa nje."

Kisha akamnyooshea mwanawe kidole kwenye pembe ya kioo: pale umeacha doa. Kifunguamimba akalifuta.

Saa ya mapumziko walikutana chini, kijana macho kwenye buti zake. "Nisamehe, mama. Sasa utamwambia nini baba mkwe?"

"Kwamba ofisi yako nimeiona, na hewa inapita vizuri. Kwamba unaning'inia kwenye kamba tangu asubuhi, na kioo ukikiacha kinang'aa."

"Atakataa."

"Akikataa, basi alikuwa anatafuta kiti cha kumwoza binti yake. Aende kwa seremala."