Kiti cha Mama Dirishani

Mama alizikwa Jumanne, na Jumatano nilikuwa kazini nikipogoa ukuta. Watu walisema nina moyo wa jiwe. Mjomba, ambaye hakosi neno hata kwenye msiba, aliniambia nijilazimishe kulia kidogo, walau mbele ya wageni. Nilijaribu. Machozi yakikataa yamekataa. Sikuhisi huzuni wala chochote, ganzi tu, kama mguu uliokaliwa muda mrefu.

Mimi ni mpogoaji katika ngome takatifu. Ngome hii haikujengwa, ilioteshwa: kuta zake ni miti iliyosukwa ikiwa bado michanga, na dari ni matawi yake. Tusipoikata kila siku, vyumba hujifunga vyenyewe. Mahujaji huja kuomba warudishiwe ujana, na wengi wao huondoka na mapele ya mbu. Lakini uchawi wa humo si uongo. Mizizi hushika wakati. Uani, saa ni saa kama za watu wote. Ukienda ndani wakati unakuwa mzito, na ukifika kwenye mzizi mkuu, hatua yako moja ni msimu mzima kwa wenzako walio nje. Ndiyo maana tumechora mstari wa chokaa sakafuni, na hakuna anayeuvuka.

Mdogo wangu, kitinda mimba wa mama, alikuwa mchota maji. Kazi yake ilikuwa kumwaga ndoo karibu na mstari ule, maji yakajipeleka yenyewe mpaka kwenye mzizi. Siku ile aliondoka akisema, "Narudi sasa hivi, msinilie chakula changu." Ngome ilikuwa imekua usiku, uzito wa wakati ukasogea mbele ya mstari, na chokaa ilikuwa bado ya jana. Aliingia akiwa msichana. Mimi sasa nina wajukuu, na yeye bado ni msichana, ndoo mkononi. Atakayemfuata atanasa naye, kwa hiyo hakuna aliyemfuata.

Kuna tundu ukutani, tunaliita dirisha. Ukichungulia hapo unamwona, lakini yeye hakuoni. Sisi tunaopita ni upepo tu kwake. Ili akuone, lazima ukae mahali pamoja kila siku, miezi na miezi. Basi mama akaleta kiti. Alikaa asubuhi hadi jioni, mgongo umenyooka, gauni la manjano na kilemba cha manjano. Gauni likichakaa, alishona lingine la rangi ileile. Kilemba kilikuwa cha kuficha mvi, ili mtoto asimwone mama yake akizeeka papo hapo, ndoo haijaisha maji.

Nilipompelekea chakula nilikaa sakafuni, mguu mmoja nimeukunja na kuukalia, kama nilivyozoea tangu utotoni. Alinikemea bila kugeuka. "Kaa kama mtu," alisema. Hayo ndiyo yalikuwa mazungumzo yetu. Nilizaa, nikafiwa na mume, na mama alikuwa dirishani. Nilimwonea wivu mdogo wangu, na nilimkasirikia mama, na hasira ile nayo ilipoa zamani.

Sasa Jumatano ile, nikikata majani ya dirishani, niliona ndoo imeinama tupu na kichwa cha mdogo wangu kimeanza kuinuka. Msimamizi wetu alikuja akasimama nyuma yangu. Tunamwita Kobe, kwa sababu hajazaliwa wa kumharakisha.

"Anainua kichwa," alisema.

"Naona."

"Kabla mwaka haujaisha macho yatafika hapa."

"Naona, Kobe."

"Na kiti ni kitupu, dada."

Mjomba alitaka tuache dirisha lijifunge. "Aliyekwenda amekwenda," aliniambia, "na huyu wa ndani tumhesabu vivyo hivyo. Wewe utakaa hapo mpaka lini?"

"Sijui, mjomba."

"Na kazi yako?"

"Kobe atanishikia."

"Huyo ataanza tawi moja leo, alimalize mtakapokuwa mmestaafu wote."

Nilikwenda nyumbani nikavaa gauni la mama. Lilinibana kwapani. Nikafunga kilemba, nikarudi, nikakaa, mgongo nimeunyoosha. Siwezi kusema nilikaa kwa upendo, maana sikuhisi upendo. Nilikaa kwa sababu kuna kitu kimoja kilikataa kunitoka kichwani: msichana anainua macho kumtafuta mama yake, anakuta kiti kitupu, na anabaki kukitazama miaka mingi.

Nikakaa. Siku nyingine hujaji mmoja alinipigia magoti akidhani mimi ni sehemu ya ibada, nikamwomba asogee, ananikinga. Kidevu cha mdogo wangu kilipanda, kisha pua, kisha kope zikafunguka. Macho yalipofika kwangu, mgongo wa mama ulikuwa umenishinda kitambo. Nilikuwa nimeukunja mguu na kuukalia, juu ya kiti chake. Nilijiambia haidhuru, gauni ni lilelile, mtoto ataona manjano na kuridhika.

Kisha midomo yake ikaanza kusogea. Kobe alileta kigoda akakaa kando yangu. Nilijua neno litakalokuja, na nilijua si langu. Nilisubiri midomo ifumbane, kwa sababu hakuna anayeweza kusema "Mama" bila kuifumba.

Haikufumbana. Siku baada ya siku ilizidi kuachana, mpaka tukaona ulimi umepanda na kugusa nyuma ya meno ya juu, ukatulia hapo.

"Anasemaje?" Kobe aliuliza, ingawa alikuwa anaona kama mimi.

"Dada," nilisema. "Ananiita mimi."

Kobe aliniambia nifute uso. Sikujua kwamba nalia. Mguu niliokuwa nimeukalia ulianza kuchoma, damu ikirudi, na nilitamani sana kuushusha. Sikuushusha, kwa sababu alikuwa bado ananitazama.