Siku Mbili za Nuksi

...aya ya kumi na nne ya hukumu, wakili kasema nisome aya ya kumi na nne, mengine ni porojo za mahakama, kwa hiyo naisoma, simu nimeificha chini ya meza kama msichana wa darasa la saba, na Thilaga mbele yangu anafungua vibakuli vyake juu ya meza yangu ya umwalimu mkuu kama afanyavyo kila mchana, anasema, "Leo mchuzi wa mlonge, na ukithubutu kusema chumvi imezidi nakumwagia kwenye hiyo sari yako," nami nacheka, kumbe bado naweza kucheka, kwa sababu macho yamesoma lakini akili haijafika, mlalamikaji wa nne, G. Thilagavathi, aliripoti kazini Jumanne alasiri, siku mbili kabla ya mlalamikiwa, na mlalamikiwa ni mimi, Sivagami, hilo nalijua, lakini huyu Thilagavathi ni nani, wapo wengi wilaya hii, ukirusha jiwe sokoni humkosi mmoja, ila huyu ni mwalimu wa sayansi, shule hii hii, huyu hapa analamba achari kidoleni, ee mungu Murugan, ni yeye... Miezi kumi na minne wakili ananiambia "Rajagopal na wenzake," Rajagopal na wenzake wamefungua kesi, Rajagopal na wenzake wameomba tarehe nyingine, na mimi mvivu wa kusoma majalada sikuwahi kuuliza wenzake ni akina nani, mwenzake mmoja alikuwa akila nami sahani moja, nikiwalaani wote mbele yake, na yeye ananiambia kula kwanza, dada, laana haishibishi... "Unanisikiliza?" anasema, "nimekwambia wale wasichana wa darasa la kumi wameficha tena ndoo ya maabara," nasema ndiyo, ndoo, na mahakama inasema mkubwa kazini ni aliyeripoti mwanzo, si aliyepata alama nyingi za mtihani, orodha ya vyeo ifumuliwe, aliyetangulia apewe cheo ndani ya majuma manane, yaani kiti hiki ni chake, nami nirudi kufundisha hesabu darasa la tisa, nigonge mlango huu, nimwombe yeye ruhusa ya kwenda msibani...

Jumanne, vipi Jumanne, barua zetu za ajira zilifika Jumatatu, miaka kumi na tisa iliyopita, tukakumbatiana barazani kwetu mpaka yasmini ikatudondoka nyweleni, ndipo mama akaiendea kalenda ya ukutani, akaweka kidole, kesho siku ya nane ya mwezi mwandamo, keshokutwa ya tisa, nuksi zote mbili, mwanangu haanzi kazi ya serikali siku za nuksi, ataripoti Alhamisi saa tatu, nikasema mama, kazi ni kazi, akasema kelele, uliyemzaa wewe ndiye utakayemfundisha, na Thilaga amekaa kizingitini, hana mama hana baba, hana wa kumfungulia kalenda, akasema, "Basi na mimi nitangoja, tutaanza siku moja, kila mtu shuleni kwake," mama akampiga busu la kichwani, na kila mwaka tarehe ile tumekula halua, miaka kumi na tisa tunasherehekea Alhamisi ambayo si yake, mnafiki mkubwa, kikulacho ki nguoni mwako na huyu wangu kanipakulia na wali, alitoka barazani kwetu Jumatatu na Jumanne alasiri akasaini daftari... "Nani huyo kwenye simu?" anauliza. "Wakili." "Anasemaje?" na upawa wake hausimami, hautetereki hata kidogo, anajua, hukumu ameijua tangu asubuhi! "Anasema nisome." "Basi kula kwanza, madam, wali unapoa," madam, ananiita madam, nimrushie bakuli hili, nimtoe ofisini mwangu walimu wote wamwone, nimuulize kwa nini hukuniambia, miezi yote hii, na kidole kinateremka chenyewe mpaka aya ya kumi na tano, mlalamikaji hakuwahi kuonyeshwa orodha ya awali, hakupewa nafasi ya kuweka pingamizi, na hapo karani Arunachalam ananijia na miwani yake, ofisi ya elimu ya wilaya, ghorofa ya pili, miaka minne iliyopita, orodha ya awali ilitakiwa impitie kila mwalimu, aione, asaini, mwenye neno aandike ndani ya siku thelathini, akaniambia kwa sauti ya chini, "Madam, kuna mama mmoja kakutangulia kuripoti kwa siku mbili, nimpelekee naye nakala?" nami nikasema, najisikia nikisema, sauti tamu kama ya bibi harusi, "Bwana Arunachalam, mwenye haja si atauliza mwenyewe?" akaguna, akafunga jalada, nikashuka ngazi nikanunua maua ya hekaluni... siku mbili, alisema siku mbili, na sikuuliza jina, nilijua yupo mtu, mtu mwenye miguu na mkopo wa nyumba na watoto, nikamfunika kama mtu anavyofunika chungu, na nikaja kukaa hapa, na mtu huyo akaniletea mlonge kila juma, akijua nimekalia chake, na pengine anajua na yale ya ghorofani, makarani wana midomo, pengine Arunachalam huyo huyo ndiye aliyempa nakala, haya, muulize sasa, Sivagami, muulize kwa nini hakukwambia... Ananisogezea kipande kinono cha mwisho cha mlonge. "Dada, unalia?" "Achari," nasema, "kali," na achari sijaigusa, nawaza tu Arunachalam angelitaja jina siku ile, angesema Thilagavathi, mwalimu wa sayansi, unamfahamu, ningefanyaje, ningemwambia mpelekee, ni rafiki yangu, ni haki yake, natafuta ndani yangu mwanamke wa kusema hivyo, natafuta, Thilaga ananitazama na upawa mkononi, na simpati, ningesema yale yale, kwa sauti ile ile.