Mlima Mgongoni, Maji Mbele

Watu wakiniuliza kazi ya kutunza wazee Marekani ina ugumu gani, huwaambia si kuogesha wala kubeba. Ugumu wake ni kunyamaza. Na mimi Mashavu, tangu nizaliwe Mombasa, sijapata kusifiwa kwa kunyamaza.

Mzee niliyekuwa nikimtunza alikuwa Mkorea, mjane, jina lake Ok-bun. Mimi nilimwita Halmoni, yaani bibi kwa lugha yao, maana jina jingine hakuliitikia. Yeye aliniita Mashabu. Aliishi Arlington, Texas, na mwanawe wa pekee, Sang-chul, fundi wa kompyuta, kijana mpole asiye na mke, anayetoka alfajiri na kurudi hoi. Kiingereza cha Halmoni kilikuwa cha kuokoteza na Kikorea changu kilikuwa cha jikoni. Tulizungumza kwa vidole na macho, tukaelewana vizuri kuliko mimi na mume wangu Mansour, ambaye lugha yetu ni moja.

Mume wa Halmoni alizikwa Cedar Hill, kwenye makaburi madogo yaliyo mtelemkoni. Mahali hapo alipachagua mwenyewe. Alipojua ugonjwa wake haumwachi, kila Jumapili alimpakia mkewe garini wakazunguka kutafuta ardhi. Kwao maiti hulazwa mlima mgongoni na maji mbele, mlima umkinge, maji yamfungulie njia. Sisi maiti wetu tunamwelekeza kibla, basi sikuona ajabu. Ila jamani, kutafuta mlima Texas ni kujitakia maudhi. Walizunguka mpaka wakafika Cedar Hill. Mzee akashuka, akaupa mlima mgongo, akaliona ziwa linang'aa kule chini, akasema: hapa. Wakachukua nafasi mbili, yake na ya mkewe, ubavu kwa ubavu.

Kila mwaka, kabla mwezi wa nane wa kalenda yao haujawa mpevu, nilimpeleka Halmoni kukata nyasi za kaburi. Alikata kwa mundu. Mlinzi wa pale alikuwa na mashine yake, lakini Halmoni alikwisha kumsihi asiiguse sehemu ile, na yule mzee wa watu alikubali. Alikubali hata udongo uinuliwe kidogo uwe tuta, kama wafanyavyo kwao. Halmoni akimaliza kukata, hulipigapiga tuta kwa viganja, kama mama anayembembeleza mtoto alale. Kisha hummwagia mumewe pombe kidogo ya mchele. Chupa aliibeba mwenyewe, hata siku moja hakunishikisha, akijua dini yangu. Mwisho husogea kwenye ile nafasi tupu ya kando, akaipiga kofi moja.

"Yangu," huniambia, akacheka.

Hilo ndilo jambo pekee nililomwona akilitaka duniani. Nguo hakutaka, safari hakutaka, kurudi Korea hakutaka. Alitaka alale pale, mlima mgongoni, ziwa mbele, na mumewe ubavuni.

Mwaka wa 2000 Sang-chul akapata kazi Houston, akanunua nyumba Stafford, pembezoni mwa mji. Mansour naye alikuwa akiutamani mji huo kwa sababu ndugu yake anafanya biashara huko, basi tukahama sote. Houston ukiangusha chungwa halijui libingirikie wapi. Siku za mwanzo Halmoni alisimama uani akigeuka polepole, huku na huku, akitafuta kilima. Aliona paa za majirani.

Msimu wa kukata nyasi ulipofika, Sang-chul alikuwa mgeni kazini na ruhusa hakupata. Nikamwambia Halmoni nitampeleka mimi. Akakataa, safari hii alitaka mwanawe awepo, ni wajibu wake. Mwezi ukajaa angani, tukautazama dirishani. Alikuwa akimenya figili, machozi yanamtoka. Sang-chul aliingia akamwona. Alivua viatu akaenda chumbani. Nikajua kijana limemwingia.

Mwaka uliofuata kalenda yao ilikuwa na mwezi wa ziada. Halmoni alikwisha kunieleza kwamba katika mwezi huo makaburi huguswa bila kuogopa, hata kuhamishwa. Nami nikasahau, la kwangu nini?

Jumapili moja ya mwisho wa Mei, Sang-chul akatupakia garini, amevaa suti, anatabasamu peke yake. Hakusema tunakwenda wapi. Tukafika kwenye makaburi makubwa kando ya barabara kuu, tambarare kama sinia, hakuna tuta wala jiwe lililosimama. Kila maiti ana kibati kilicholazwa sawa na ardhi ili mashine ya nyasi ipite juu bila taabu. Akamshika mama yake mkono mpaka kwenye kibati kimoja kipya. Jina la baba yake lilikuwa juu yake.

"Nimemleta, Mama," akasema kwa Kikorea, kisha akanigeukia akarudia kwa Kiingereza ili nami nifurahi. "Sasa hatakuwa mbali. Kila Jumapili tutakuja. Mama naye nafasi yake iko hapa hapa, karibu na mimi. Na tazameni! Mlima nyuma, maji mbele."

Nikatazama. Mlima ulikuwa tuta la barabara kuu, malori yanapita juu yake moja baada ya jingine. Maji yalikuwa dimbwi la kukusanyia mafuriko, lina uzio wa waya na bata wawili.

Asikudanganye mtu, kijana hakufanya kwa ubaya. Alizunguka makaburi yote ya Houston akitafuta ardhi iliyoinuka, kama baba yake alivyozunguka, na ile ndiyo aliyoipata. Aliungoja mwezi wenye ruhusa. Karatasi alizitia sahihi yeye, kwa kuwa mambo yote ya mama yake alikuwa akiyasimamia yeye. Zile nafasi mbili za Cedar Hill alizirudisha kwa wenye makaburi. Alitaka kumshangaza mama yake, na alikuwa akitoka jasho kwa furaha.

Halmoni alikitazama kibati.

"Nani alikuwa naye njiani?" akauliza.

"Gari la makaburi, Mama. Watu wazuri sana."

"Wewe?"

"Mimi nilikuwa kazini. Nikaja kuwangoja hapa."

Nikafungua kinywa. Wallahi nilikuwa na maneno ya kumtosha, yamepangana mlangoni. Halmoni akanidaka kifundo cha mkono, akanibana mpaka nikaumia. Kisha akaniachia, akapiga magoti mbele ya kile kibati, akainama mpaka paji la uso likagusa nyasi. Alipoinuka alimshika mwanawe mashavu kwa mikono miwili.

"Umefanya vizuri, mwanangu. Mahali pazuri."

Sang-chul akalia kama mtoto. Malori yakaendelea kupita.

Kesho yake, kijana alipokwenda kazini, nilipasuka jikoni. Nilisema Kiswahili kitupu, nikapiga sufuria. Halmoni aliniacha nimalize, akanivuta nikaketi, akaniambia kwa maneno yake machache na vidole vyake. "Nikimwambia Sang-chul amekosea, atalibeba mpaka afe. Hana mke, hana ndugu. Ana mimi. Na mimi nikifa atakuwa na hilo tu."

"Na wewe je?" nikamuuliza. "Mlima wako?"

Alisema kuna jambo linamtesa zaidi. Mumewe hakuagwa. Walimtoa watu wasiomjua, wakamtia garini, na hapakuwa na mtu wake wa kumwambia: tunahama, fuata. Aliogopa walichokileta ni mifupa tu, na mwenyewe bado yuko Cedar Hill, anangoja kukatiwa nyasi.

"Nipeleke," akasema. "Nikamchukue."

Wiki tatu baadaye, nilipoomba gari, Mansour alinitazama kama nimepagawa. "Yaani muta-drive mpaka Cedar Hill, wewe na bibi yako, kumfuata marehemu ambaye hayuko?"

"Yupo. Nipe ufunguo."

"Mashavu, mwanawe kasha-sign, kaburi lishahamishwa. Mwafuata nini?"

"Mansour, nipe ufunguo wa gari nisije nikasema mengine."

Akanipa. Tukaondoka asubuhi, Halmoni amevaa nguo yake nyeupe, kapakata mundu uliofungwa taulo na ile chupa yake. Njia nzima alikuwa na shauku kama bibi harusi. Alikuwa akipanga la kumwambia, midomo inacheza. Kilima kilipojitokeza mbele akanipiga bega. Kile pale, Mashabu, kile pale.

Tukapanda mtelemko kwa miguu. Mimi ndiye niliyeona kwanza, nikatamani nimgeuze turudi.

Pale pa mumewe palikuwa na mtu mwingine. Kaburi bichi, udongo mweupe wa chokaa haujashikana, maua ya plastiki, picha ya mzungu mmoja mnene aliyeshika samaki. Na ile nafasi ya kando, aliyokuwa akiipiga kofi na kucheka, ilikuwa na kigingi chenye jina la ukoo huo huo. Mkewe naye alikwisha kuwekewa mahali.

Nilimwambia tukae kidogo. Hakukaa. Alisimama akiwa ameupa mlima mgongo, akalitazama ziwa. Kisha akamtazama yule mzungu mwenye samaki.

"Amepata mahali pazuri," akasema.

Akafungua taulo. Nyasi zilikuwa zimeanza kusogea pembeni mwa lile kaburi jipya, akazikata zote kwa mundu, taratibu, bila haraka. Akaupapasa udongo wa mtu asiyemjua ukakaa sawa. Akammwagia na yeye pombe. Hapo mimi nilishindwa, nikageuka nikalia mbele ya ziwa lao, na sijui nilikuwa nikimlilia yeye au bibi yangu mwenyewe, ambaye alizikwa Mombasa nami sijaliona kaburi lake hata siku moja.

Halmoni akaugeukia mlima akaita. Aliita jina la mumewe, jina ambalo sikuwahi kulisikia akilitaja. Akamwambia tumehama, mtoto amepata kazi, nyumba ina bafu mbili. Twende.

Akatangulia garini, akafungua mlango wa nyuma akangoja, kama unavyomngojea mzee mwenye magoti mabovu. Akaingia upande wa pili, akauvuta mkanda wa kile kiti kitupu akaufunga. Mimi nikaketi mbele peke yangu, nikawa dereva wao.

Mwanzo aliongea sana. Alimwonyesha ng'ombe, daraja, mawingu, na mimi pia alinitambulisha. Tulipopita mji wa Corsicana vilima vikaanza kuisha. Kwenye kioo nilimwona anamtazamisha nje ya dirisha, halafu anaacha. Nchi ikazidi kulala. Akaushika ule mkanda kwa mikono miwili akaanza kumwomba radhi. Alirudia neno hilo hilo moja, polepole, mpaka Houston. Nilipeleka gari moja kwa moja makaburini, akafungua mlango akamshusha chini ya tuta la malori.

Halmoni alifariki Februari. Sang-chul alimzika palepale, kwa kibati kinachofanana na cha baba yake. Watu wa kanisa lao walipoondoka alibaki kasimama karibu nami, macho mekundu, koti limemkaa vibaya. Juu yetu malori yalikuwa yakinguruma hata akalazimika kupaza sauti.

"Alipapenda hapa, sivyo? Ulikuwepo siku ile, Mashavu. Ulimsikia."

Kifundo changu cha mkono kikaniuma pale pale aliponibana Halmoni.

"Nilikuwepo," nikamwambia. "Nilimsikia. Alisema mahali pazuri."