Mkia wa Kope

Akimana alishuka kwenye pikipiki pale Nemba akiwa na sindano ya kushonea vikapu ya marehemu bibi yake, nene kama msumari. Hakungoja hata kukaribishwa.

"Kikapu mmekiweka wapi?"

Alikuwa ameshawapigia simu kutoka Murukulazo kwamba wasikichome. Mdogo wake Deodata alimwonyesha chumbani kwa kidole, kisha akamwonyesha mtoto aliyempakata. Irambona, miezi miwili, alikuwa amelala tangu jana asubuhi. Titi hashiki, na maziwa waliyomtilia kwa kijiko yalimtiririka shavuni. Zahanati walisema homa hana, mapigo mazuri, apelekwe wilayani. Gari lingekuja saa nane.

Na kosa lilikuwa la Akimana. Kusikia mtoto analia kutwa kucha, alikuja juzi na unga wa mtama ndani ya kikapu, na kwenye kifuniko alikuwa ameishona Kope. Alama hiyo bibi yao Ntirampeba alivuka nayo mpaka kutoka Burundi, akiibeba kichwani tu maana mikono ilibeba watoto. Ni mizunguko saba ya uzi mweusi iliyopinda kama jicho lililofumba. Ukiitupia jicho unapiga miayo. Ukiikodolea unalala. Na mtoto mchanga, jamani, hajui kutazama ila kukodoa.

Bibi alikuwa na sharti moja: uzi wa mwisho usikatwe. Uning'inie nje ya kifuniko, urefu wa kiganja, usingizi upate pa kutokea.

Sasa nani anapeleka kikapu chenye mkia kwa wakwe wa mdogo wake? Tena kwa Mama Marsiana, mkwe wa Deodata, Msubi, mwenyeji wa hapo enzi na enzi, ambaye siku ya mahari alikiinua kikapu cha bibi mbele ya wageni akasema wakimbizi wa kambini hawamalizi kazi. Watu walicheka. Bibi naye alicheka. Akimana ndiye aliyeumia, na maumivu yale hayakuisha hata walipomzika bibi. Kwa hiyo safari hii aliukata uzi kwa wembe na kuificha ncha ndani ya mshono. Kazi safi kabisa, ya kumfunga mtu mdomo.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba," alijibu Mama Marsiana, macho yamemvimba. "Tukichome tu hicho kitu."

"Tukikichoma, usingizi hautakuwa na pa kutokea. Mimi niliuziba, mimi nitauzibua. Lakini kazi hii haifanywi na mtu mmoja. Nishikie kifuniko, utazame pembeni, na uniongeleshe. Nikisinzia, nifinye."

Akafumba macho, akaanza kupapasa. Vidole vilipita mzunguko wa kwanza, wa pili, hadi wa saba. Kope ilikuwa inamvuta hata bila kuiona, shingo ikalegea. Mama Marsiana alieleza habari za mvua, akaeleza bei ya maharage, akaishiwa maneno. Akimana akainama mbele. Alifinywa mkono akaruka.

"Ongea, mama!"

"Niongee nini tena?" Mama Marsiana alikikaza kifuniko mikononi. "Basi nikwambie. Siku ile ya mahari niliona kazi ya bibi yako inaishinda yangu. Nilikuwa na wivu. Ndiyo maana nikasema vile."

Akimana alipandwa na hasira na huzuni, na hasira ile ikamwamsha vizuri kuliko kufinywa. Kidole gumba kikagusa kitu kigumu kidogo, kama mwiba. Ncha.

Akaichokonoa kwa sindano. Uzi ulikuwa mkavu, akaulowanisha kwa mate. Alivuta, ukakatika. Akapapasa upya, akachokonoa tena, akajichoma kidole, akaendelea. Hakuwa tayari kuondoka pale bila uzi ule. Mshono mmoja ukaachia, wa pili, wa kumi, na uzi ukatoka nje kidogo kidogo hadi ukatimia urefu wa kiganja.

Irambona alipiga chafya. Kisha akalia, kilio cha njaa, na Deodata akalia kumzidi huku akifungua kifua.

Gari lilipofika saa nane walimpeleka vilevile, akapimwa, akarudishwa jioni akiwa mzima.

Kesho yake jirani alikuja kutoa pole. Kikapu kilikuwa sebuleni, juu ya kabati, kifuniko kimefunikwa kitambaa, mkia umejitokeza upande wa wageni.

"Uzi umebaki huu," jirani alisema akiushika. "Nileteeni wembe niwamalizie."

Mama Marsiana alimwondoa mkono taratibu.

"Achana nao," alisema. "Kazi hiyo imekwisha."