Upole wa Mbeke

Mwaka wa tisini na sita redio ilitangaza kwamba ng'ombe wa Uingereza wameshikwa na wazimu, na anayekula nyama yao huenda akashikwa pia. Kitengela nzima ikahamia maharagwe. Mbeke alikuwa na bucha karibu na stendi, na sufuria ya supu ya kichwa ambayo harufu yake, sidanganyi, iliwahi kusimamisha nyumbu wakihama. Sasa wateja wake wakawa nzi.

"Muhuri wa daktari wa mifugo si huu hapa!" akapiga kelele. "Hii ng'ombe ni ya Rombo, si ya Uingereza, imekula nyasi tangu izaliwe!"

"Mama, muhuri hauoni wazimu," akasema Leshan, aliyekuwa akinywa supu pale kila asubuhi. "Ugonjwa uko kwa ubongo. Na supu yako ni ya kichwa."

"Basi nitakunywa mwenyewe, hapa nje, mkiniangalia. Nikishikwa, nafunga bucha. Nisiposhikwa, mtarudi na aibu zenu."

Akanywa kila asubuhi. Watu walisimama ng'ambo ya barabara wakimkagua kama fahali wa mnada. Mbeke, ambaye ulimi wake mkali ulijulikana stendi nzima, aliapa kutowapa sababu ya kumwita mwenda wazimu: hakuna kufoka, hakuna matusi. Mbuzi aliingia akalamba chumvi yake, Mbeke akampapasa. Makanga wa matatu alitema mate mlangoni, Mbeke akamwambia, "Pole na kazi, mwanangu."

Leshan, niliyesimama naye ng'ambo, alinishika mkono. "Munguti, umesikia? Amesema pole."

"Nimesikia."

"Imeanza!"

Hata waliokuwa wamesogea karibu wakarudi nyuma. Mchungaji akaja na mafuta ya kuombea.

Mimi jirani yake, niliyegawana naye ukuta wa mabati, nikaenda kumwambia. "Dada, upole wako unaua biashara. Watu hawakujui hivi."

"Nimemeza hasira mpaka ini limevimba, Munguti!"

"Si uiteme."

Akatoka. Leshan alikuwa ameegemea nguzo.

"Wewe ero, kijana mzima! Hiyo nguzo ni mama yako? Ondoa mgongo!" Akamshukia kwa matusi kuanzia viatu vyake mpaka punda wa babu yake. Mabati yaliinuka. Hata kule mji wa Isinya, nasikia, mbwa walijificha.

Leshan alipangusa machozi akicheka. "Ni yeye! Mzima kabisa!" Akavuta benchi. "Lete bakuli, mama."

"Nawa mikono kwanza, mchafu wewe!"

Watu wakavuka barabara, wakapanga foleni kwenye maji.