Joto la Mzee Tak

Majira matatu ya baridi yalipita mjini Taebaek bila Bi Maeng Ok-bun kuwasha mabomba ya maji yaliyopashwa moto kwa gesi, yaliyopita chini ya sakafu yake. Ya nini? Ghorofa ya chini aliishi Mzee Tak, mgane, bahili kama yeye, ila mifupa ilikuwa ikimsumbua. Mzee akiwasha kwake, joto lilipanda mpaka kwa Bi Maeng, naye akatembea pekupeku huku akiimba.

Siku moja mzee akapanda kumrudishia bakuli. Akavua viatu, akakanyaga sakafu, akaganda. Macho yakamwenda kwenye swichi ya ukutani. Imezimwa.

"Ehe, dada Maeng! Sakafu ina moto, swichi imelala?"

"Mimi nina damu moto, kaka."

"Damu yako, au gesi yangu?"

Akashuka bila kuaga. Jioni ile sakafu ikawa barafu.

Bi Maeng akavaa soksi jozi tatu na koti la kutokea. Alijua fika mzee naye anatetemeka, na kushindwa na Tak ilikuwa aibu isiyobebeka. Asubuhi akaanza kuruka kamba sebuleni. Puu! Puu! Mzee akagonga dari kwa mpini wa ufagio.

"We bibi, umepagawa? Dari itaniangukia!"

"Napasha mwili moto, bure kabisa! Gonga tu, na wewe utatoka jasho!"

Akagonga kweli. Siku nne nyumba ilivuma kama kuna harusi.

Siku ya tano Bi Maeng akaruka; kimya. Akaruka kwa nguvu zaidi, kimya. Akateremka ngazi na soksi zake, akamkuta mzee chini ya mablanketi manne, bega limekaza kwa kugonga dari, meno yanagongana.

"Mtu mzima unataka kufa kwa ukaidi?"

"Usiwashe," mzee akanong'ona. "Utafaidi wewe."

Akawasha. Kisha akaingia jikoni kumpikia supu ya machipukizi ya soya.

"Funika sufuria, dada! Gesi hiyo!"

"Nyamaza. Nami nakula hapa hapa. Kwangu leo jiko haliwaki."

Mzee akahesabu kwa vidole: jiko moja, watu wawili.

"Basi na kesho uje," akasema. "Lakini dagaa ulete wewe."

"Kwa nini mimi?"

"Joto langu, dagaa zako."

"Watatu tu."

"Watatu? Hiyo supu au maji ya kunawa?"

Wakabishana mpaka chakula kikaiva, na mgonjwa akala mabakuli mawili.